Njaa Isiyoua

Miongoni mwa vitu ambavyo intaneti ya mwishoni mwa karne ya 20 iliwapa watoto, hakuna kilichodharauliwa na watu wazima kuliko mnyama wa kidijitali, yaani kiumbe asiye na nyama wala damu, anayeishi ndani ya programu ya kompyuta, ambaye hata hivyo hudai kulishwa, kuchezewa na kutibiwa kana kwamba yu hai, na ambaye hali yake huzorota mlezi wake anapomsahau. Dharau hiyo ilitokana na imani kwamba malezi ya kweli yanahitaji kiumbe wa kweli, na kwamba mtoto anayehangaika kwa ajili ya picha ya kwenye kioo anapoteza huruma ambayo angeitumia kwingine. Hoja inayofuatwa hapa ni tofauti, nayo inamhusu hasa mtu mzima wa Kakamega, magharibi mwa Kenya, anayeifungua tena tovuti aliyoiacha akiwa mtoto, akamkuta humo mnyama wake angali anamngoja, akiwa na njaa ya miaka mingi.

Historia ya viumbe hawa ina matawi mawili, na tofauti kati yake ndiyo kiini cha suala zima. Tawi la kwanza ni la Tamagotchi, kifaa kidogo chenye umbo la yai kilichobuniwa Japani na Aki Maita wa kampuni ya Bandai pamoja na Akihiro Yokoi, kikaanza kuuzwa Novemba 1996 na kuenea duniani mwaka uliofuata. Ndani ya kioo chake mliishi kiumbe aliyeanguliwa, akakua, akalia kila alipohitaji chakula au usafi, na akafa asipohudumiwa, hata shule za nchi kadhaa zikalazimika kukipiga marufuku darasani kwa sababu watoto hawakuwa tayari kumwacha kiumbe wao afe wakati wa somo la hesabu. Tawi la pili ni la tovuti, na mfano wake mkuu ni Neopets, iliyofunguliwa tarehe 15 Novemba 1999 na Waingereza wawili, Adam Powell na Donna Williams. Hapa mtoto hakununua kifaa chochote. Alijiandikisha bure, akachagua aina ya mnyama, akampa jina ambalo mtu mwingine yeyote duniani hangeweza kulitumia tena, kisha akacheza michezo midogo ili apate pointi, ambazo ni fedha za nchi hiyo ya kubuni, za kumnunulia mnyama wake chakula.

Katika Neopets njaa haiui. Mnyama asiyelishwa hushuka ngazi kwa ngazi, kutoka shibe hadi njaa, na kutoka njaa hadi njaa kali, mpaka afikie ngazi ya chini kabisa ambayo tovuti yenyewe huieleza kuwa ni ya kufa. Lakini akishafika hapo hubaki hapo, akiwa anakufa asife, hata mwenyewe akipotea kwa miaka mingi. Zaidi ya hayo, waliobuni ulimwengu huo waliweka ndani yake njia kadhaa za kumsaidia asiye na kitu: kuna kimanda kikubwa mno ambacho kila mchezaji huruhusiwa kukimega mara moja kwa siku bila malipo, kuna jiko la supu linalowalisha wanyama wa mchezaji mwenye pointi chache, na kuna mti ambao wenye navyo huacha chini yake vitu wasivyovihitaji ili wasio navyo waviokote. Haya yote huonekana kuwa mapambo ya mchezo wa kitoto, lakini ukweli ni kwamba yanaujibu umaskini kwa uangalifu kuliko mifumo mingi ya watu wazima, kwa kuwa yanachukulia kwamba mlezi anaweza kukosa, kuchelewa, au kutoweka kabisa, bila kosa lake, na yanakataa kumfanya mnyama alipe kwa uhai wake.

Ili ionekane ni kwa nini uamuzi huo ulikuwa na uzito wa pekee magharibi mwa Kenya, sharti ikumbukwe jinsi intaneti ilivyopatikana huko. Kabla ya mwaka 2009, nyaya za SEACOM na TEAMS zilizopita chini ya bahari zilipofika Mombasa, mawasiliano ya data kati ya Kenya na dunia yalitegemea setilaiti, hivyo yalikuwa ghali na ya polepole. Mtoto wa Kakamega asiyekuwa na kompyuta nyumbani, yaani karibu kila mtoto, alikutana na intaneti katika saiba, jina ambalo Wakenya wamezoea kuviitia vyumba vya biashara vyenye kompyuta za kukodisha kwa dakika. Kwa miaka mingi bei iliyozoeleka katika miji ya Kenya ilikuwa shilingi moja kwa dakika, na programu maalumu ilihesabu muda kwenye pembe ya skrini hadi ulipokwisha, ndipo skrini ikajifunga yenyewe, hata kama mchezaji alikuwa katikati ya jambo. Mtoto aliyepewa shilingi ishirini alikuwa amepewa dakika ishirini, na katika dakika hizo ukurasa mmoja wenye picha nyingi uliweza kula mbili au tatu kabla ya kufunguka. Juu ya hayo kulikuwa na hali ya hewa: Kakamega ni mji wa mvua za alasiri na radi nyingi, na mara ngurumo zilipokaribia, umeme ulikatika au mhudumu alizichomoa kompyuta ukutani ili zisiungue, na dakika zilizosalia zikawa suala la maelewano kati yake na mteja.

Walioweza kufuga mnyama wa kidijitali katika mazingira hayo hawakuwa wengi, na haifai kuwafanya kuwa kizazi kizima. Lakini kwa wachache hao, malezi yalikuwa na umbo ambalo mtoto wa London au Los Angeles, mwenye kompyuta sebuleni, hakulijua. Yeye alimtembelea mnyama wake alipotaka. Wa Kakamega alifanya safari, akiwa na sarafu mkononi, huku akipanga njiani kitakachofanywa kwanza, kwa kuwa chakula kilitangulia mchezo, na mchezo wenyewe ulichezwa kwa ajili ya chakula cha ziara ijayo. Kisha likaja jambo zito kuliko yote, nalo ni shule ya bweni. Mfumo wa elimu wa Kenya huwapeleka vijana wengi wa sekondari bwenini kwa muhula wa takriban miezi mitatu, bila simu, na wengi wao bila kuigusa intaneti hata mara moja. Tamagotchi asingeimaliza wiki ya kwanza ya muhula. Mnyama wa Neopets aliumaliza muhula, ukafuata wa pili, na likizo ilipofika alikutwa katika ngazi ile ile ya mwisho, akihitaji kulishwa mara kadhaa mfululizo ili arudi katika hali njema. Sheria iliyobuniwa mbali, na watu ambao hakuna sababu ya kudhani kwamba waliwahi kuiwaza Kenya, ililingana na kalenda ya shule ya Kenya kuliko ilivyolingana na maisha ya watoto wengi wa Ulaya.

Wapo watakaosema kwamba mtoto wa Kakamega hakuhitaji mnyama wa kubuni kwa kuwa wanyama wa kweli walimzunguka, na pingamizi hilo linastahili kujibiwa kwa kirefu. Ni kweli kwamba katika maboma mengi ya Waluhya mtoto hupewa kuku awe wake, akamtazama anavyoatamia, akawahesabu vifaranga jioni na kuwalinda dhidi ya mwewe. Ni kweli pia kwamba miongoni mwa Waisukha wa Shinyalu na Waidakho wa Ikolomani kuna ufugaji wa fahali wa mapigano, ambao hupewa majina, hulishwa kwa uangalifu kuliko ng'ombe wengine wote wa boma, na husindikizwa uwanjani alfajiri kwa ngoma za isukuti, sanaa ambayo UNESCO iliiingiza mwaka 2014 katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka. Mtoto aliyekulia hapo anajua maana ya kumtunza kiumbe pengine kabla hajajua kusoma.

Lakini ujuzi huo una sharti lake, nalo ni kwamba mnyama wa boma ana kazi na ana mwisho. Kuku ambaye mtoto amemlea huchinjwa siku ambayo mgeni wa heshima anafika, kwa sababu kumpokea mgeni bila kuku, katika nchi ambayo ingokho, yaani kuku, ndiyo mboga ya heshima, ni aibu isiyosahaulika upesi. Na huzuni ya mtoto, ambayo watu wazima wanaiona na kuielewa, haiwezi kuwekwa juu ya wajibu wa ukarimu. Ugonjwa wa kideri ukiingia, kuku wote wa boma huweza kwisha katika siku chache. Fahali akishindwa au akizeeka huishia buchani. Hakuna ukatili katika mpangilio huu, kwani ndio uliowalisha watu na kuwafundisha watoto kwamba upendo hauzuii kifo. Kilichokosekana ni nafasi ya kumtunza kiumbe asiyekuwa na kazi yoyote, asiyetarajiwa kutaga, kukamwa, kulima, kupigana wala kuliwa, ambaye thamani yake yote ilikuwa katika kule kutunzwa kwenyewe. Mnyama wa kidijitali aliitoa nafasi hiyo, na mtoto aliyezifahamu aina zote mbili za malezi hakuwa amedanganyika, kwa kuwa alijua vyema kuliko wakosoaji wake tofauti kati ya kifaranga aliyenyakuliwa na mwewe na picha iliyoandikwa chini yake kwamba inakufa kwa njaa.

Msomi wa Marekani Sherry Turkle, aliyewachunguza watoto na vifaa vya namna hii kwa miaka mingi na kuandika juu yao katika kitabu chake *Alone Together* cha mwaka 2011, ameeleza kwamba kitendo cha kutunza huzaa upendo, si upendo tu unaozaa utunzaji. Mtoto akishaombwa msaada na kitu, hukipa moyo, hata akijua kwamba hakina uhai. Turkle anaiona hali hiyo kwa wasiwasi, akihofia watu watakaoridhika na mashine zinazojifanya kuwahitaji. Wasiwasi wake una msingi kwa mashine za leo zinazozungumza na kubembeleza, lakini kwa tovuti ya mwaka 1999 unapoteza nguvu, kwa sababu mnyama yule hakuweza kuzungumza na mlezi wake kama mashine hizo. Njaa yake ilitajwa kwa neno moja tu, na mengi yaliyozidi hapo yaliletwa na mtoto mwenyewe.

Hamu inayomrudisha mtu mzima kwenye tovuti kama hiyo ina historia katika fikra za Ulaya. Mwaka 1688 mwanafunzi wa udaktari huko Basel, Johannes Hofer, aliandika tasnifu akiieleza hamu ya nyumbani kuwa ni ugonjwa uliowadhoofisha Waswisi walioishi mbali na kwao, na tiba aliyoiona kuwa ya hakika ilikuwa kuwarudisha. Karne tatu baadaye msomi Svetlana Boym, katika kitabu chake cha mwaka 2001 kuhusu hamu ya yaliyopita, aliigawa hamu hiyo katika aina mbili: ile inayotaka kuijenga upya nyumba iliyopotea kama ilivyokuwa, na ile inayoikubali hasara na kukaa nayo ikiitafakari. Mgawanyo huo unasaidia, ingawa anayerudi Neopets hukuta nyumba ambayo haijabomoka wala haijabaki kama ilivyokuwa. Aprili 2007 tovuti iliwachora upya wanyama wake ili waweze kuvikwa nguo, na wengi wakapoteza mikao waliyokuwa nayo, hata wale wachache waliobaki na michoro ya zamani wakawa wa kutafutwa kwa hamu kubwa. Michezo mingi ilitegemea Flash, programu ya kuonyesha picha zinazotembea ambayo kampuni ya Adobe iliacha kuihudumia tarehe 31 Desemba 2020, na hivyo vivinjari vikaacha kuifungua. Sehemu yake tu imerudishwa kwa msaada wa Ruffle, programu inayoiga kazi ya Flash. Umiliki nao umehama mara nyingi: Viacom iliinunua tovuti mwaka 2005 kwa dola milioni 160, JumpStart ikaichukua mwaka 2014, na Julai 2023 ikatangazwa kuwa kampuni inayojitegemea.

Saiba pia zimebadilika. Simu zilipoanza kubeba intaneti mfukoni, watoto walizihama, na zilizosalia Kakamega zinaishi kwa kuchapa na kunakili karatasi, kujaza maombi ya huduma za serikali kwenye eCitizen, na kuwasilisha marejesho ya kodi kupitia iTax kabla ya tarehe 30 Juni. Mtu mzima huingia humo akiwa na namba yake ya kodi, akakaa mbele ya kompyuta, akajibu maswali ya dola kuhusu mapato yake. Hayo nayo ni malezi ya aina fulani, lakini hakuna atakayeyakumbuka kwa hamu.

Suala gumu zaidi ni la haki, na linaeleweka vizuri kwa kuliweka karibu na desturi inayojulikana sana magharibi mwa Kenya, ya mtu kumweka ng'ombe wake katika boma la rafiki au jamaa. Mwenye ng'ombe hubaki kuwa mwenyewe. Mlezi hunywa maziwa, hutumia samadi, na kwa makubaliano huweza kupata ndama. Na mapatano yote hufanywa mbele ya watu, ili siku mwenyewe au mwanawe atakapokuja kumdai, wawepo wa kueleza ng'ombe alifika lini, alikuwa wa rangi gani, na amezaa mara ngapi. Mnyama wa kidijitali naye aliwekwa kwa mtu mwingine. Kampuni ilimhifadhi katika seva zake, yaani kompyuta kubwa zinazotunza data za watumiaji wote, na maziwa yake yalikuwa macho ya mtoto, yaliyouzwa kwa watangazaji. Neopets ilisifika katika biashara kwa kuyafuma matangazo ndani ya mchezo wenyewe, hivyo chapa za vyakula zikawa sehemu ya ulimwengu wa wanyama. Mtoto wa Kakamega alizitazama bidhaa ambazo hazikuuzwa katika duka lolote la mji wake, zikiwemo za McDonald's, kampuni ambayo haijawahi kufungua mkahawa nchini Kenya. Yeye alilipa kwa dakika zilizonunuliwa saiba ili atangaziwe kisichopatikana, na bado, kwa hesabu yake mwenyewe, alikuwa amepata faida, kwa kuwa mnyama alikuwa ameshiba.

Kilichokosekana katika mapatano hayo ni mashahidi. Sheria ya Marekani ya kulinda faragha ya watoto mtandaoni, iliyopitishwa mwaka 1998 na kuanza kutumika mwaka 2000, ilidai idhini ya mzazi kwa aliye chini ya miaka 13, na Neopets ikataka idhini hiyo itumwe kwa karatasi iliyotiwa saini, kwa faksi au posta. Duniani kote watoto walilikwepa sharti hilo kwa kuchagua mwaka mwingine wa kuzaliwa, na pale ambapo faksi kwenda Marekani ingemgharimu mzazi zaidi ya mwezi mzima wa saiba, lilikuwa jambo la kutarajiwa. Akaunti nyingi, kwa hiyo, zilifunguliwa kwa tarehe ya uongo, zikafungwa kwa nywila iliyoandikwa nyuma ya daftari, na kuambatanishwa na barua pepe ambayo baadaye ilifutwa na kampuni iliyoitoa kwa sababu haikutumiwa. Julai 2022 data za akaunti zipatazo milioni 69 za Neopets ziliibwa na kutangazwa kuuzwa, nao huo ni mkasa wa kuumiza, kwa maana mwizi alifika mahali ambapo mlezi halali alizuiwa kwa kukosa kumbukumbu ya tarehe aliyoibuni alipokuwa na miaka kumi.

Mtu huyo aliyezuiwa anaweza kufungua akaunti mpya, akalitafuta jina la mnyama wake wa zamani, na kuuona ukurasa wake, ambao unataja rangi yake na umri wake kwa siku. Umri unaendelea kuhesabiwa bila yeye. Anachoweza kuwaandikia wasimamizi ni maelezo ya aina ambayo wazee wa Shinyalu wangeyapokea kwa uzito wakati wa kumdai ng'ombe: kwamba mnyama alikuwa wa samawati, kwamba jina lake liliongezewa tarakimu mbili kwa kuwa lile la kwanza lilikuwa limechukuliwa, kwamba alikuwa na mwenzake wa kijani. Mfumo hauna mahali pa kuyaweka maelezo hayo, unataka tarehe ya kuzaliwa.

Kenya ilipitisha Sheria ya Ulinzi wa Data mwaka 2019, nayo inampa mtu haki ya kuzifikia data zinazomhusu, hata zikiwa mikononi mwa kampuni isiyokuwa nchini, mradi inashughulikia data za watu walio Kenya. Data binafsi, kwa maana ya sheria hiyo, ni habari zozote zinazomhusu mtu anayetambulika au anayeweza kutambulika. Wanasheria bado hawajaulizwa kama njaa ya mnyama wa kubuni, iliyoanza siku ambayo mlezi wake alipanda matatu na sanduku la bati kwenda bwenini, ni habari inayomhusu mtu huyo. Na atakayelipeleka swali hilo mbele ya Kamishna wa Data atalazimika kwanza kueleza kwa nini, katika rekodi za kampuni, alikuwa mtu mzima kabla ya kumaliza shule ya msingi.